Mafunzo ya serikali kwa wasio na kazi miaka ya 1930: walipewa ujuzi, au walitulizwa njaa tu?

#1 Kibatari

Wakuu, salaam.

Juzi kazini tumebishana na jamaa mpaka chai ikapoa. Yeye anasema dawa ya vijana kushinda vijiweni ni mafunzo: fungua chuo cha ufundi kila kata, tatizo limekwisha. Nikamwambia arudi kwenye ule Mdororo Mkuu ulioanza 1929. Marekani, 1933, karibu mfanyakazi mmoja katika kila wanne hakuwa na kazi. Uingereza mwanzoni mwa mwaka huohuo walioandikishwa hawana kazi walikaribia milioni 3. Na hao hawakuwa watu wasiojua kushika chombo. Walikuwemo mafundi wa meli, wachimba makaa ya mawe na wafumaji wa nguo viwandani. Ujuzi walikuwa nao. Aliyekosekana ni mtu wa kuwaita kazini.

Serikali zikawapeleka kambini na darasani. Hoja yangu ni kwamba kumfundisha mtu kazi wakati kazi haipo ni kuirefusha foleni. Maseremala mia wamekaa, unaongeza hamsini, umemsaidia nani? Naamini kilichowarudisha watu kazini ni vita ya 1939, si yale mafunzo. Mwenye hoja nyingine aje nayo, ila aje na mifano.

#2 Kahawa Chungu

Nimevuta kiti. Kibatari akiwasha uzi, usiku huwa mrefu.

#3 MwalimuWaJioni

Mleta uzi, umechanganya mpango wa kazi na mpango wa mafunzo, na ndiyo maana mjadala huu hauishi popote.

Marekani inayotajwa zaidi ni CCC, Civilian Conservation Corps, kikosi cha vijana cha kuhifadhi misitu na udongo. Rais Roosevelt alitia saini sheria yake tarehe 31 Machi 1933, hajamaliza hata mwezi madarakani. Aprili kambi ya kwanza ikafunguliwa msituni huko Virginia. Walichukua vijana wa kiume, hawajaoa, mwanzoni wa miaka 18 hadi 25, wengi wao kutoka familia zinazoishi kwa msaada. Malipo dola 30 kwa mwezi, na 25 kati ya hizo zilikwenda nyumbani moja kwa moja. Kijana anabaki na dola 5 za sabuni na sigara.

Haikuanzishwa kama shule. Ilikuwa kupanda miti, kuzima moto wa msitu, kuziba makorongo. Hadi inafungwa 1942 miti iliyopandwa inakadiriwa kufika bilioni 3. Masomo yaliingia mwishoni mwa 1933, walipoanza kupeleka mshauri wa elimu kambini, na yalikuwa ya jioni, kwa hiari. Sasa mtu ameshinda akipasua mawe, umwambie jioni aje kwenye hesabu! Mkurugenzi wao, Robert Fechner, aliyetoka kwenye vyama vya wafanyakazi, hakutaka darasa liguse saa za kazi. Ni sheria ya 1937 iliyotoa nafasi ya saa 10 kwa wiki za elimu na ufundi.

Pamoja na hayo, makumi ya maelfu ya vijana waliingia kambini hawajui kusoma wakatoka wanaandika barua zao wenyewe. Hilo Kibatari utaliweka kwenye fungu gani?

#4 Dereva wa Kaskazini

Mwalimu umenigusa. Mimi naendesha lori huku Virginia, mwaka wa tisa sasa. Nikiwa na Jumapili ya mapumziko hupanda na familia ile barabara ya mlimani, Skyline Drive, ndani ya hifadhi ya Shenandoah. Hiyo barabara yote ni kazi ya vijana wa CCC. Pembeni kuna ukuta mfupi wa mawe, unafika kama kiunoni, umefuata ukingo wa mlima kona kwa kona. Mwanangu hupenda kukaa juu yake. Ukipitisha kiganja unasikia jinsi jiwe lilivyochongwa likae juu ya jiwe lenzake. Vijana wa mjini wasiowahi kushika nyundo ndio waliojenga. Mtu akisema hawakufunzwa kitu, mimi nitamshangaa.

#5 Pima Maji

Dereva, picha nzuri, ila tusipotoshane. Barabara yenyewe ilianza kuchongwa 1931, wakati wa Rais Hoover, kabla CCC haijazaliwa, na waliochonga ni wakandarasi. CCC walikuja 1933 wakafanya kuta, sehemu za kusimama kutazama bonde, kusawazisha miteremko na kupanda miti.

Na usisahau kuwa hifadhi hiyo ilipatikana kwa kuwaondoa watu. Mamia ya familia za wakulima wa milimani walihamishwa. Baadhi ya nyumba zao zilibomolewa na vijana haohao wa kambini.

#6 Dereva wa Kaskazini

Pima Maji, nashukuru. La kuhamishwa watu nilikuwa nimeona kibao tu, sikujua ni wengi hivyo. La barabara nimerekebishika.

#7 Dada wa Durham

Hamjambo. Niko kaskazini ya Uingereza, na kwa huku hadithi ni chungu zaidi.

Wizara ya Kazi iliendesha kambi zilizoitwa Instructional Centres, tuseme vituo vya maelekezo. Kuanzia 1929 hadi vita ilipoanza zilipitiwa na wanaume wapatao 200,000. Muda ni wiki 12 hivi. Mantiki yao ilikuwa kwamba mtu aliyekaa miaka miwili bila kazi mwili umelegea na moyo umelegea, kwa hiyo akakazwe kwanza. Walikuwa wanakata miti, wanachimba mitaro, wanatengeneza njia za msituni. Mafunzo gani hayo? Mchimba makaa wa Durham afundishwe kushika sululu?

Moja ya kambi hizo ilikuwa Hamsterley, si mbali na ninapoishi, leo ni msitu wa watu kutembea na mbwa. Jirani yangu, babu wa watu, aliniambia baba yake alipelekwa kambi ya namna hiyo. Alirudi na buti nzuri za ngozi. Kazi hakupata. Ile wiki aliyorudi mkewe aliziangalia buti mlangoni, akazifuta tope, akazipeleka kuwekwa rehani. Babu anasema alichokumbuka yeye, akiwa mtoto, ni ile nafasi tupu pale mlangoni.

Chama cha wasio na kazi kilichoongozwa na Wal Hannington kilikuwa kikiziita kambi za watumwa. Wengine waliona ni maneno makali, lakini elewa ilikotoka hasira: baadhi waliambiwa wakikataa kwenda, posho yao itaguswa.

#8 Kibatari

Dada, hapo ndipo nilipokuwa napataka. Wiki 12 za sululu halafu unarudi kwenye mtaa uleule uliofungwa.

#9 Rodi Moja

Niseme langu, maana mnazungumza kana kwamba mafunzo ni kitu kimoja.

Miaka michache iliyopita nilichukuliwa kwenye mpango wa kufundisha vijana ufundi wa kuchomelea, miezi sita, kwenye kituo ambacho sitakitaja. Tulikuwa kumi na mmoja, kioo cha kujikinga na moto kimoja. Wiki ya pili rodi zikaisha. Mwalimu wetu, mtu mwema kabisa, akatugawia chaki. Tukawa tunaipitisha chaki kwenye maungio ya vyuma, mkono umeinama vile unavyoinama ukishika rodi, mwendo uleule wa taratibu, huku yeye anahesabu. Chaki miezi miwili. Nilitoka na cheti.

Nikaenda kwa mzee mmoja anayetengeneza mageti karibu na stendi. Cheti hakukisoma. Akanipa mashine na vipande viwili vya chuma chakavu. Rodi ilinata mara tatu, ikatoboa. Akacheka, kisha akasema kitu nilichokibeba hadi leo: mwendo wa mkono unao, moto ndio huujui. Akanichukua. Ndani ya miezi mitatu nikawa nafunga geti zima.

Kwa hiyo Kibatari, mafunzo yalinipa nini? Karibu hakuna. Lakini bila ile chaki mkono wangu ungetetemeka, na mzee asingeona cha kuchukua. Napenda kujua wale wa 1930 walikutana na mzee wa mageti au hawakukutana naye. Hilo ndilo swali kwangu.

#10 Kahawa Chungu

Rodi Moja, heshima. Jina lako sasa nimelielewa.

#11 Mama Wawili

Nasoma tangu #1, nasikia vijana wa kiume, wanaume, babu, baba. Wanawake hawakufukuzwa kazi wao?

#12 MwalimuWaJioni

Mama Wawili, umeuliza la msingi. CCC haikuchukua wanawake. Eleanor Roosevelt, mke wa Rais, alisukuma zifunguliwe kambi zao, ya kwanza ikawa Camp Tera, jimbo la New York, 1933. Kwa ujumla zilipitiwa na wanawake kama 8,500 hivi, zikafungwa 1937. Linganisha na CCC iliyochukua karibu milioni 3. Na hawakulipwa kama wale wavulana, walipata kijiposho.

Ubaguzi haukuishia hapo. Sheria ya 1933 ilikataza kubagua kwa rangi, lakini Georgia mwanzoni waliwaacha weusi bila kuwaandikisha mpaka Washington ilipotishia kuzuia nafasi za jimbo zima. Baadaye kambi zikatengwa, weusi kwao, weupe kwao. Afadhali NYA, mpango wa vijana ulioanza 1935 chini ya Aubrey Williams. Huo ulichukua wasichana pia, ukawalipa wanafunzi ili wasiache shule, na Mary McLeod Bethune ndiye aliyesimamia idara ya vijana weusi.

#13 Dada wa Durham

Na Uingereza, Mama Wawili, wasichana waliokosa kazi viwandani walifundishwa kupika, kufua, kupanga meza, wakawe watumishi wa ndani. Msichana aliyeendesha mashine ya kufuma pamba Lancashire anafundishwa kumwandalia chai mke wa tajiri London. Hapo kazi zilikuwepo, Kibatari, tena nyingi. Wasichana wenyewe ndio hawakuzitaka. Kwa hiyo hata hoja yako ya kazi haipo haijakaa sawasawa.

#14 Mama Wawili

Ahsanteni. Huyo wa Lancashire namwelewa kabisa. Mimi ni mshonaji. Nipeleke nikaoshe vyombo vya mtu, hata ukinipa cheti cha kuoshea vyombo, siendi.

#15 Nyundo ya Nakuru

Wadau, mbona mnazunguka mbuyu? Serikali ziliogopa vijana. Angalia Kanada. Kuanzia 1932 wanaume wasio na familia walikusanywa kambini mbali na miji, chini ya idara ya ulinzi, kwa senti 20 kwa siku. 1935 wakachoka, wakapanda juu ya mabehewa ya mizigo kutoka Vancouver wakidai kwenda Ottawa kumwona waziri mkuu. Wakasimamishwa mji wa Regina, na tarehe 1 Julai ngumi zikapigwa kati yao na polisi.

Angalia Ujerumani. Utumishi wa kazi ulianza 1931 ukiwa wa hiari, serikali ya Kansela Brüning. Wanazi wakaukuta, na 1935 wakaufanya lazima. Vijana wakawa wanapiga gwaride na koleo begani kama bunduki. Mnaita mafunzo? Ilikuwa kuwaondoa mitaani na kuwazoesha amri.

#16 MwalimuWaJioni

Nyundo, la Ujerumani sina ubishi. La Kanada ni kweli ila usiliingize kwenye uzi wa mafunzo: zile zilikuwa kambi za msaada, hakuna aliyeahidi kumfundisha mtu ufundi. Na hilo nadhani ni sehemu ya hasira yao. Unakata kichaka kuelekea popote, bila mwisho unaoonekana.

Hofu ya amri ilikuwepo hata Marekani. CCC iliendeshwa kambini na jeshi, na vyama vya wafanyakazi vililalamika kuwa dola moja kwa siku itashusha mishahara ya wote. Ndiyo sababu Roosevelt akamweka Fechner, mtu wao, awatulize. Lakini bunduki hazikufundishwa.

#17 Nyundo ya Nakuru

Bunduki hapana, lakini kupanga mstari, kuamka kwa kengele, kutandika kitanda? 1942 jeshi lilipokuwa linachukua watu, lilikuta nusu ya kazi imeshafanywa.

#18 Kahawa Chungu

Sasa hii si ndiyo JKT yetu? Kulima, gwaride, ufundi kidogo. Nyerere alinakili huko.

#19 Pima Maji

Hapana mkuu. JKT ilianzishwa Julai 1963, kwa sababu ya taifa jipya kuunganisha vijana wake, si mdororo wa uchumi. Kufanana kwa koleo si undugu.

#20 Kahawa Chungu

Sawa, nimerudi kwenye kiti changu. Ila ugali wa JKT ndio ulionipa kifua hiki, hilo halinakiliwi.

#21 Mkonge Mkavu

Mnaongea kana kwamba mdororo ule ulipiga Ulaya na Marekani pekee. Bei ya mkonge ilianguka, na Tanganyika mashamba yakawatimua vibarua au yakakata ujira. Mwingereza aliyekuwa anafungua vituo kwao, huku hakufungua hata kibanda. Dawa yake ilikuwa kampeni ya kuwahimiza watu walime mazao zaidi wauze, maana kodi bado ilidaiwa. Zao limeshuka bei, unaambiwa lima zaidi ya hilohilo. Babu mzaa mama yangu alikuwa mkata mkonge Tanga. Alipoachishwa alirudi kwao kwa miguu. Kwa hiyo nikisikia habari za mshauri wa elimu kambini, hata awe wa jioni, namwona kama mtu aliyefikiriwa.

#22 Kibatari

Mkonge, umenipa la kufikiri. Hata hivyo lima zaidi inaunga mkono hoja yangu: unaongeza cha kuuzwa wakati mnunuzi hayupo. Ni foleni ileile ya maseremala.

#23 Pima Maji

Nije na kitu kigumu kidogo. Kuna wachumi waliofuatilia kumbukumbu za vijana wa CCC wa Colorado na New Mexico, wakazioanisha na rekodi za baadaye: sensa, usajili wa jeshi, vifo. Kwa muda mfupi hawakuona faida kwenye ajira. Hapo Kibatari shangilia. Lakini waliokaa kambini muda mrefu zaidi waliishi zaidi, walipopimwa jeshini walikuwa warefu zaidi, na mapato yao ya maisha yote yalikuwa makubwa zaidi.

Urefu, jamani. Hiyo si seremala wala hesabu. Ni chakula. Kijana wa miaka 17 au 18 bado anakua, na alitoka nyumba isiyo na nyama. Makamanda walikuwa wanaripoti vijana kuongezeka uzito miezi michache ya mwanzo tu.

#24 Kibatari

Basi ilikuwa jiko, si darasa. Na labda waliokaa muda mrefu ndio waliokuwa na afya tangu mwanzo.

#25 Pima Maji

Watafiti walijaribu kuliangalia hilo kwa kulinganisha walivyokuwa siku ya kuandikishwa. Unaweza usiridhike. Lakini jiko pekee halielezi mapato ya maisha yote.

#26 Nyundo ya Nakuru

Vita inaeleza. Wewe mwenyewe umesema jeshi.

#27 Mama Wawili

Na zile dola 25 mmezisahau. Kuna mama alikuwa anazipokea kila mwezi, na wadogo zake huyo kijana walikula, wakaenda shule. Hao nani aliwapima urefu?

#28 Dada wa Durham

Mama Wawili, sina jibu, ila swali limenikaa.

Kibatari, kuna jambo nilikuwa nalitunza. Uingereza ileile ilikuwa na vituo vya aina nyingine, Government Training Centres, miezi sita, ufundi wa kweli: ujenzi, mashine, samani. Hao wengi walipata kazi. Siri ni kwamba waliingiza watu wachache kwa kukadiria nafasi zilizopo, na mdororo ulipokaza wakapunguza zaidi. Yaani darasa lilifuata kazi. Vyama vya mafundi navyo vikanung'unika, kwamba miezi sita haiwezi kumfanya mtu fundi sawa na aliyeshika zana miaka mitano.

#29 Kibatari

Hiyo nakubali ni hoja nzito. Lakini kituo kinachokubali watu wengi pale tu kazi zilipo nyingi, na kufunga mlango kazi zikiisha, kimemsaidia nani wakati wa shida?

#30 Rodi Moja

Kimemsaidia aliyeingia, mkuu. Na vyama vile nawaelewa, ila nami ni wa chaki, ningetupwa nje.

#31 MwalimuWaJioni

Naongeza moja. NYA miaka yake ya mwisho, kabla haijafungwa 1943, ilijaa karakana za kufundisha mashine na uchomeleaji, na viwanda vya silaha vikawachukua vijana wakitoka tu mlangoni. Mpango uleule, watu walewale. Kilichobadilika ni nani anasubiri nje.

#32 Kibatari

Si ndiyo niliyosema kwenye #1?

#33 MwalimuWaJioni

Nusu yake. Kiwanda kilipowaita, walikuwa wameshajua mashine. Wangeanza sifuri, wangeitwa wengine.

#34 Dereva wa Kaskazini

Wakuu, nimepita tena pale mlimani Jumapili hii, safari hii nimeshuka garini makusudi. Kuna sehemu ukuta umepasuka, mafundi wa hifadhi wanaurekebisha. Nikamuuliza mmoja anajifunzaje kulingana na ule wa zamani. Akanionyesha: anatoa jiwe la zamani taratibu, analigeuza, anatafuta alama za patasi upande uliokuwa umefichwa, halafu analichonga jipya lifuate mwelekeo uleule. Akaniachia nilishike. Zito kuliko linavyoonekana, na upande ule wa ndani, usioonwa na mtu, umechongwa vizuri kama wa nje.

Rodi Moja, wewe ni fundi: kijana asiyejali kazi anaweza kuchonga na upande wa ndani?

#35 Rodi Moja

Jiwe silijui. Kwenye geti, upande unaotazama ukuta ndio ninaouangalia nikitaka kujua fundi alifundishwa na nani. Una picha ya hizo alama za patasi? Iweke hapa.